Pale Lami Inapoanzia

Nilimkatia Iveta Čonková filamu yake
katika chumba cha nyuma, Košice, juu ya duka la matairi,
majira mazima ya baridi, hita moja kwa watu wawili,
yeye dirishani na sigara, kanipa mgongo,
akisikiliza ninachokikata.

Saa sitini na mbili za picha.
Runinga ilitaka dakika hamsini na mbili.
Bwana mmoja mpole wa huko alituuliza kwa simu:
Matope yako wapi?
Watu watataka kuyaona matope.

Yapo, alijibu Iveta.
Nimeyakanyaga miaka kumi na tisa.

Basi tazama. Februari, alfajiri, giza halijainuka.
Verona anateremka kutoka vibanda vya juu ya kijito
na wanawe watatu nyuma, wakifuatana kama vifungo vya koti.
Pale njia ya udongo inapoipokea lami,
lami ya manispaa, iliyokata pumzi papo hapo
kwenye uzio wa mwisho wa watu wenye anwani,
wanasimama. Anafungua mfuko wa plastiki.
Viatu safi, jozi nne.
Wanabadilisha kwa kushikana mabega,
kila mmoja na mguu hewani kwa zamu yake, bila neno.
Vya matope vinaingia mfukoni,
mfuko unatundikwa kwenye nguzo ya uzio
mpaka jioni.
Ile nguzo ilikuwa na mifuko kumi na miwili.
Niliihesabu fremu kwa fremu.

Kamera haikusogea. Dakika nne na sekunde kumi.

Na mimi, mzaliwa wa upande wa lami,
niliyepanda basi lilelile kwenda shule,
nilikumbuka jinsi tulivyokuwa tukiziba pua, kwa utani,
hata kabla mlango haujafunguka.
Sikumbuki kutazama chini, miguuni.
Mwenye macho haambiwi tazama, husema wahenga.
Lakini huambiwa atazame wapi,
na sisi tulikuwa tumeambiwa mapema.

Nikasema: Tupunguze. Sekunde arobaini zatosha,
mtazamaji atachoka.
Akageuka kutoka dirishani.
Verona yeye huchoka saa ngapi?
Sikukata.

Usiku mmoja, umeme umezimika, aliniambia habari ya kadi.
Alikuwa na miaka sita. Mama mwenye koti jeupe
alimwekea mezani picha ya limau.
Hiki nini?
Alijua. Alishalilamba, alishafumba macho kwa ukali wake.
Akalitaja kwa Kiromani.
Mama akaandika kitu kifupi,
na Iveta akapelekwa shule ya wasioweza,
miaka tisa ya kupaka rangi ndani ya mistari.
Ndiyo maana, alisema, sipendi neno hili la kupiga picha.
Mimi nilipigwa na picha.

Machi tulipanda kule juu na kompyuta.
Verona alitazama amesimama, mikono na unga.
Alicheka mara mbili mahali ambapo sisi hatukucheka.
Kisha akagusa skrini, akaacha alama nyeupe:
Hapo. Hapo pametoka mguu wangu. Hapo paondoe.

Sekunde tisa, katikati ya ile dakika nne.
Nilimwangalia Iveta, huyu aliyegombana na runinga
kwa sababu ya sekunde mbili za paka akivuka njia,
aliyeniita kinyozi mbele ya watu.
Alisema tu: Kata.
Nikasema mshono utaonekana.
Akasema: Na uonekane.

Filamu ilionyeshwa saa tano usiku, baada ya mpira wa magongo.
Bwana mpole alisifu mwanga.
Lami haijasogea hata hatua moja.
Mkosoaji mmoja aliona picha imeruka pale njiani,
akaandika kwamba mhariri alisinzia.

Sikumjibu. Zile sekunde tisa nilizifuta,
na nakala yake, na nakala ya nakala.
Usiniulize zilikuwa na nini.
Mguu ni wake.